Mwalimu Viriba

Jina lake lilikuwa Vrba.
Konsonanti tatu zimesongamana mlangoni,
irabu moja nyuma yao, imechoka kungoja.
Sisi wa Chavakali tukazionea huruma,
tukazigawia sauti,
akatoka Viriba.
Alipoelezwa kuwa kiriba
ni mfuko wa ngozi wa kubebea maji,
alicheka hadi miwani yake ikaingia ukungu.

Piano ililetwa na lori la miwa,
imefungwa kwa katani kama ng'ombe wa mahari
asiyetaka kuvuka mto.
Mchwa wa Maragoli hawajui muziki,
mbao kwao ni mbao.
Basi mikebe minne, kila mguu na wake,
na mafuta ya taa hadi nusu.
Zamu ya kuongeza ilikuwa yangu, Jumatatu.
Mpaka leo nikisikia *do*
nanusa chemli.

Alitunga usiku. Mchana alitufundisha
kwa chaki zilizokatika,
na saa tisa mvua ilipoyavamia mabati
sauti yake ikazama, hakuipaza.
Aligeuka, akachora mistari mitano ubaoni.
"Andikeni hiyo."
Tukaandika mvua.
Endovo alijaza nota nyeusi kurasa mbili,
akapata saba kwa kumi.
"Umesahau mchirizi. Sikiliza pale, kwenye pipa."

Jumamosi alishuka sokoni Luanda
kumsikiliza Ogwel, fundi baiskeli,
ambaye pancha zikiadimika hushika orutu:
uzi mmoja, na ubishi mwingi.
Jioni alirudi amenuna.
Akabonyeza kibao cheupe, akabonyeza cheusi.
"Nota ya Ogwel inakaa hapa, kwenye ufa.
Miaka kumi na sita nimesomea muziki,
hakuna aliyeniambia kuna mtu anaishi kwenye ufa."
Akachukua spana.

Kumbukumbu za bodi zinasema *aliharibu mali ya shule*.
Bwana Adagala alimwita ofisini, mlango ukafungwa.
Na Nakuru, kwenye tamasha, tulipoimba wimbo wake
kwa piano tuliyoisafirisha kwa michango ya wazazi,
jaji aliweka kalamu chini
kabla ya ubeti wa pili.
Tukawa wa mwisho.
Londiani akatununulia mahindi ya kuchoma,
sote thelathini na wanne,
kama watu walioshinda.

Habari za kwao alizitoa kwa kijiko.
Vifaru vilipita, alisema, chini ya dirisha la mama.
Tulidhani ni wale wenye pembe.
Endovo akauliza kama vilikula maua.
"Vilikula," akajibu.

Barua ya msiba ilifika imekwisha funguliwa,
imechelewa miezi mitatu.
Siku hiyo alifundisha kituo.
"Kituo si shimo. Kina urefu. Hesabuni."
Tukahesabu midomo imefumbwa,
moja mbili tatu nne,
moja mbili tatu nne,
naye amesimama, mikono juu,
haishushi.
Kengele ya chakula ikalia.
Hakuna aliyetoka.

Amelala Kaimosi, mwaka wa kumi na tisa huu.
Karatasi zake zimo kwenye sanduku la bati
chini ya kitanda changu.
Daktari mmoja wa kwao, akipita Kakamega,
aliniambia vrba ni mti:
huota kando ya mito,
matawi yake yameinamia maji.
Kumbe hatukukosea sana.

Sasa mwalimu wa muziki ni mimi.
Juzi bodi ilileta fundi kutoka Kisumu,
akabonyeza vibao vitatu, akashika kichwa,
akauliza ni nani aliyefanya hivi.
Nikampa chai, nikampa nauli.
Spana hakuitoa mfukoni.

Jumatatu naongeza mafuta ya taa.
Yamepanda bei.
Naweka robo mkebe,
naomba mchwa wasijue.